Sura ya Nne: Umri wa Habari kwenye Skrini ya Gemu ya Vita

Katika gemu za vita zinazochezwa kwa mtazamo wa nafsi ya kwanza, yaani zile ambazo mchezaji hauoni mwili wa mhusika wake bali huona kile ambacho macho ya mhusika huyo yangekiona, pamoja na mikono na bunduki iliyoinuliwa mbele ya kifua, skrini hubeba vitu vya aina mbili kwa wakati mmoja. Cha kwanza ni ulimwengu wenyewe wa mchezo: kuta, miti, vumbi, adui anayechungulia dirishani. Cha pili ni tabaka jembamba la namba, mistari, nukta na michoro midogo lililotandazwa juu ya ulimwengu huo, tabaka ambalo mhusika aliyemo ndani ya mchezo halioni na ambalo limewekwa kwa ajili ya mchezaji peke yake. Tabaka hilo la pili, ambalo katika sura hii litaitwa onyesho la skrini, ndilo linalomchanganya mgeni wa gemu hizi kuliko kitu kingine chochote, na mara nyingi ndilo linalomtenganisha mchezaji wa kawaida na mchezaji mahiri hata pale ambapo wepesi wa vidole vyao unalingana.

Mjini Moshi, kama ilivyo katika miji mingi ya Tanzania, gemu za aina hii huchezwa zaidi kwenye simu, kwa kuwa simu ndicho chombo ambacho kijana wa Majengo, Pasua au Kiboriloni tayari anacho mkononi, ilhali katika vibanda vya gemu vyenye televisheni na pedi mpira wa miguu ndio unaotawala. PUBG Mobile, iliyotoka mwaka 2018, na Call of Duty: Mobile, iliyotoka tarehe 1 Oktoba 2019, zote hupakuliwa bila malipo, na zote mbili huingiza kwenye kioo kinachoenea kiganjani habari ambazo zamani zilitawanywa kwenye skrini pana ya kompyuta. Ndiyo maana haitoshi kwa mchezaji kukariri maana ya kila alama kama anayekariri alama za barabarani. Kila alama kwenye onyesho la skrini ni habari, na kila habari ina umri: nyingine ni ya sasa hivi, nyingine ni ya sekunde mbili zilizopita, nyingine ni ya kale kiasi kwamba anayeiamini huongozwa moja kwa moja kwenye mtutu wa bunduki. Kusoma onyesho la skrini ni kujua alama inasema nini, inasema kwa niaba ya nani, na ilisema lini.

Asili ya onyesho hili haimo katika michezo. Mwaka 1900 Howard Grubb, mtengenezaji wa darubini wa mjini Dublin, alibuni kifaa cha kulengea ambacho kilitumia kioo kinachopitisha mwanga ili kumwonyesha mlengaji alama ya shabaha iliyoonekana kana kwamba inaelea mbali, mahali palepale penye shabaha yenyewe. Faida yake ilikuwa kubwa, kwani jicho la binadamu haliwezi kuona vizuri kitu kilicho karibu na kilicho mbali kwa wakati mmoja, na mtu anayelenga kwa chuma kilicho kwenye ncha ya mtutu hulazimika kuchagua mojawapo. Kifaa hicho kilienea kwenye ndege za kivita wakati wa Vita Kuu ya Pili, na ndege ya Uingereza iliyoitwa Blackburn Buccaneer, ambayo iliruka kwa mara ya kwanza mwaka 1958, ilikuwa miongoni mwa za mwanzo kumwonyesha rubani si alama ya kulengea tu bali pia taarifa za safari kwenye kioo kilicho mbele ya uso wake, ili asilazimike kuinamisha kichwa kutazama saa na mishale iliyo chini. Kanuni hiyo ya kutoinamisha kichwa ndiyo iliyorithiwa na gemu, ingawa kwenye gemu kila kitu kimo katika bapa moja la kioo na umbali wote ni wa kuigiza.

Gemu za mwanzo zilizoijenga aina hii hazikuifuata kanuni hiyo kwa ukamilifu. Wolfenstein 3D ya mwaka 1992 na Doom ya mwaka 1993, zote za kampuni ya Marekani iitwayo id Software, ziliweka taarifa katika mkanda mnene chini ya skrini: idadi ya risasi, asilimia ya uhai, funguo zilizookotwa, na katikati ya mkanda huo sura ya mhusika mwenyewe. Sura hiyo inastahili kutazamwa kwa makini hata leo. Katika Doom, uhai ulipopungua uso uliloa damu na kuvimba, na risasi ilipotoka upande fulani macho ya mhusika yaligeukia upande huo, hivyo mchoro mmoja mdogo ulibeba habari mbili kwa pamoja, hali ya mwili na uelekeo wa hatari, bila kumtaka mchezaji asome hata namba moja. Mambo mengi yaliyobuniwa baadaye ni njia nyingine za kufanya kazi ileile, na si yote yaliyoifanya vizuri zaidi.

Ili kuelewa uzito wa zawadi ambayo onyesho la skrini humpa mchezaji, hapana haja ya kwenda mbali na Moshi, kwa kuwa vita halisi vya bunduki vimepiganwa chini ya Mlima Kilimanjaro na watu ambao hawakuwa na chochote cha namna hiyo. Katika Vita Kuu ya Kwanza, Moshi ilikuwa kituo muhimu cha jeshi la Kijerumani lililoongozwa na Paul von Lettow-Vorbeck, kwani reli kutoka Tanga ilikuwa imefika hapo mwaka 1911. Mwezi Machi 1916 majeshi ya Uingereza chini ya Jenerali Jan Smuts yalianza kusonga kutoka upande wa Kenya ya leo, na tarehe 11 mwezi huo yakaushambulia upenyo ulio kati ya vilima vya Latema na Reata, karibu na Taveta. Walioshambulia mchana walikuwa askari wa King's African Rifles, Wabaluchi wa jeshi la India na kikosi cha Wazungu wa Rhodesia, na usiku ulipoingia wakaongezwa askari wa miguu wa Afrika Kusini waliotumwa kupanda vilima gizani, kwenye miiba na mawe, huku askari wa upande wa Wajerumani wakiwa juu.

Kilichotokea usiku huo ni mfano halisi wa vita vinavyopiganwa bila habari. Vikundi vilivyopanda vilipoteana. Baadhi ya askari wa Afrika Kusini walifika juu ya vilima na kujibanza huko, wengine walirudishwa nyuma, na Jenerali Michael Tighe aliyekuwa akiongoza shambulio kutoka chini hakuwa na njia yoyote ya kujua nani yuko wapi, kwa hiyo kabla ya mapambazuko jeshi liliamriwa lirudi nyuma kwa kudhani kwamba shambulio limeshindwa. Kulipopambazuka ikabainika kwamba watu wake mwenyewe walikuwa bado wameshikilia sehemu za vilima na kwamba adui ameondoka. Siku chache baadaye Moshi ilikuwa mikononi mwa Waingereza. Ushindi ulikuwa umeshapatikana usiku, lakini habari zake zilichukua saa kadhaa kuteremka kilima kimoja, na katika saa hizo uamuzi ulitolewa kwa kutegemea picha ambayo haikuwa ya kweli tena.

Jambo ambalo Tighe hakuwa nalo ni lile ambalo gemu ya leo hulitoa bure na bila kuombwa: jina la kila mwenzake likielea juu ya kichwa chake kwa rangi ya buluu au kijani, likionekana hata nyuma ya ukuta na hata nyuma ya kilima. Mgeni huiona alama hiyo kama kinga tu ya kutompiga mwenzake, na kweli hiyo ni kazi yake mojawapo, lakini kazi yake kubwa zaidi ni kuonyesha mahali ambapo adui hayupo. Wenzake watatu wakiwa upande wa kushoto wa uwanja na wote wakitembea kwa utulivu, mchezaji amekwisha kuambiwa kwamba hatari imo kulia, ingawa hakuna alama hata moja nyekundu iliyojitokeza. Alama ya mwenzake pia ndiyo habari changa kuliko zote kwenye skrini, kwa sababu husogea naye wakati wote isipokuwa mtandao unapokwama.

Nukta nyekundu za adui ni jambo jingine kabisa, na hapa ndipo wengi hupoteza maisha ya wahusika wao. Katika kona ya skrini huwekwa ramani ndogo, yaani picha ya uwanja ikitazamwa kutoka juu kama jicho la ndege, ambayo huonyesha eneo linalomzunguka mchezaji. Katika mtindo ambao mfululizo wa Call of Duty uliueneza, adui anayefyatua bunduki isiyo na kizuia sauti hutokea kwenye ramani hiyo kama nukta nyekundu, hukaa kwa muda mfupi, kisha hufifia. Msingi wa kanuni hiyo unafahamika kwa yeyote aliyesoma juu ya vita vya Afrika Mashariki, kwani askari wengi wa jeshi la Kijerumani waliingia vitani mwaka 1914 wakiwa na bunduki za muundo wa mwaka 1871, zilizotumia baruti nyeusi, na kila risasi moja ilitoa wingu zito jeupe lililomtangaza aliyeifyatua kwa kila mwenye macho. Adui aliyekuwa na baruti isiyotoa moshi alifyatua na kubaki amejificha. Ndivyo ilivyo kwenye gemu: anayefunga kizuia sauti kwenye mtutu hupunguziwa nguvu au umbali wa risasi zake, na badala yake hununua haki ya kutoonekana kwenye ramani ya adui.

Hata hivyo nukta nyekundu haisemi kwamba adui yuko pale. Inasema kwamba pale ndipo risasi ilipofyatuliwa. Askari aliyefichuliwa na moshi wa baruti nyeusi mwaka 1914 alijifunza upesi kufyatua na kuhama mahali, na mchezaji mwenye uzoefu hufanya vivyo hivyo, hivyo yule anayekimbilia nukta hukuta kona tupu na kupigwa kisogoni. Hali ni hiyohiyo kwa ndege ya upelelezi, ambayo katika gemu hizo ni tuzo ya muda anayoipata mchezaji aliyefanya vizuri: mstari wa mwanga hupita kwenye ramani ndogo kwa vipindi, kila unapopita huweka nukta mahali adui alipokuwa wakati huo, na kati ya mpito mmoja na mwingine nukta hubaki zimesimama ilhali watu wenyewe wanakimbia. Anayeisoma ramani vizuri halengi kwenye nukta bali hujiuliza mtu aliyekuwa pale sekunde mbili zilizopita angekuwa amefika wapi sasa, kwa mlango gani, akiwa na sababu gani. PUBG Mobile hufanya jambo hili liwe gumu zaidi kwa kuweka kwenye ramani ndogo michoro ya nyayo na ya milio ya risasi, ambayo hutoa upande na umbali wa kukadiria lakini si mahali kamili, na mchoro wa nyayo ukitokea ndani ya jengo la ghorofa hausemi wazi kama mtembeaji yuko chini au juu ya dari.

Juu ya skrini, katika gemu zinazochezwa kwenye viwanja vikubwa, hutandazwa dira, ambayo ni mkanda wa namba unaosogea kushoto na kulia kadiri mchezaji anavyogeuka. Mduara mzima umegawanywa katika digrii 360, kaskazini ikiwa 0, mashariki 90, kusini 180 na magharibi 270. Katika uwanja wa Erangel wa PUBG, wenye upana wa kilomita 8 kwa 8 na wachezaji 100 wanaotua humo kwa pamoja, namba hizi ndizo lugha ya kikosi, kwani kusema kwamba adui yuko karibu na mti hakumsaidii mtu yeyote katika msitu. Lakini namba ya dira ina mtego ambao wakazi wa mteremko wa Kilimanjaro wana nafasi nzuri kuliko watu wengi ya kuuelewa, kwa sababu wanaishi wakikizunguka kilele kimoja.

Mtu aliyesimama karibu na Mnara wa Saa mjini Moshi, asubuhi ambayo mawingu hayajapanda, akigeuka akaitazama Kibo, ndicho kilele hicho, anatazama kaskazini takriban kamili, na dira ikiwa mbele yake ingesoma namba iliyo karibu sana na 0. Mwenzake aliyeko Marangu, akiitazama Kibo hiyohiyo kwa wakati huohuo, anatazama kaskazini magharibi, na dira yake ingesoma karibu 320. Wa tatu aliyeko Machame angekuta namba iliyo karibu na 45, na wa nne aliyeko Mkuu wa Rombo angelazimika kugeukia upande wa magharibi ili auone mlima. Wote wanne wanasema kweli, wote wanatazama kitu kimoja, na namba zao hazifanani hata kidogo, kwa kuwa namba ya dira haielezi mahali kitu kilipo bali huelezea mstari unaotoka kwa mtazamaji kwenda kwenye kitu hicho. Ndivyo ilivyo pia kwa maneno ya kila siku ya huko mlimani, ambako kupanda ni kwenda juu na kuteremka ni kwenda chini: juu ya mtu wa Moshi ni kaskazini, juu ya mtu wa Rombo ni magharibi, na mgeni asiyejua msemaji amesimama wapi hupotea hata akiwa ameelekezwa vizuri.

Kwa hiyo mchezaji anayeambiwa na mwenzake kwamba adui yuko kwenye 320 lazima kwanza aangalie ramani ajue mwenzake yuko wapi, kisha auone mstari huo ukitoka kwa mwenzake, si kwake. Wakiwa wamekaribiana na adui akiwa mbali, tofauti ni ndogo na namba moja huwatosha wote. Wakiwa wametawanyika, namba ileile iliyotajwa kwa nia njema humgeuza mtu mgongo kwa adui. Ni kwa sababu hiyo gemu nyingi zimeweka kitufe cha kupachika alama uwanjani, ambayo mwenzake huiona mahali palepale ilipopachikwa pamoja na umbali wake kwa mita, na vikosi vyenye nidhamu hupachika alama kwanza na kutaja namba baadaye. Faida nyingine ya watu wawili waliotawanyika haitumiki sana ingawa ni kubwa: mistari miwili inayotoka kwa watazamaji wawili hukutana mahali pamoja, na palipokutana ndipo adui alipo. Wapima ardhi wamekuwa wakipima vilele vya milima kwa kanuni hii hasa.

Ramani ndogo yenyewe hupangwa kwa namna mbili, na uchaguzi huo mara nyingi umo katika mipangilio ya gemu. Katika namna ya kwanza kaskazini hubaki juu daima na mshale wa mchezaji ndio unaozunguka. Katika ya pili mshale hubaki ukitazama juu na ramani nzima huzunguka chini yake. Ya pili humrahisishia mgeni, kwa kuwa kilicho kulia kwenye ramani kiko kulia kwake kweli, lakini humnyima nafasi ya kuujua uwanja, kwani picha haikai vilevile hata kwa sekunde moja. Anayekusudia kuzoea uwanja mmoja kwa muda mrefu hufaidika zaidi na kaskazini iliyosimama.

Katikati kabisa ya skrini hukaa alama ya shabaha, ambayo huwa msalaba mdogo, duara au nukta, na ambayo huonyesha risasi itaelekea wapi. Wengi huidhania kuwa mahali risasi itakapotua, ilhali katika gemu nyingi alama hii hupanuka mchezaji anapokimbia, anaporuka au anapofyatua mfululizo, na upana wake ndio eneo ambalo risasi inaweza kuangukia popote ndani yake. Msalaba uliotanuka ni onyo kwamba bunduki haijatulia. Risasi inapompata adui, mistari minne midogo humjulisha mchezaji kwamba amepata, mara nyingi kwa rangi tofauti ikiwa ni kichwani au ikiwa adui ameanguka, na risasi inapompata mchezaji mwenyewe, tao jekundu hutokea kuizunguka alama ya shabaha upande ilikotoka. Tao hilo ndilo mrithi wa macho ya ile sura ya Doom, na mchezaji anayelisoma hugeuka mara moja upande sahihi badala ya kuzunguka ovyo.

Uhai na risasi hukaa kwenye kingo za chini. Kuhusu uhai kuna mitindo miwili iliyoshindana kwa miaka mingi: ule wa namba au upau unaopungua na kutorudi hadi mchezaji aokote dawa, na ule uliopata nguvu kwa Call of Duty 2 ya mwaka 2005, ambapo upau uliondolewa, kingo za skrini zikawa nyekundu mhusika anapojeruhiwa, na uhai ukarudi wenyewe akijificha kwa muda. Mtindo wa pili huharibu uoni wakati uoni unapohitajika zaidi, na hilo ni kosa la usanifu ambalo gemu za simu zimelirekebisha kwa kurudisha upau mdogo. Kuhusu risasi, huonyeshwa namba mbili, ya kwanza ikiwa risasi zilizomo katika magazini na ya pili zile za akiba, na tabia ya kubadili magazini kila baada ya kufyatua, hata zikiwa zimebaki 25 kati ya 30, imewaangamiza wengi kwa sababu mikono ya mhusika huwa na shughuli nyingine adui anapotokea. Far Cry 2, iliyotengenezwa na Ubisoft mjini Montreal na kutolewa mwaka 2008, ilijaribu kuondoa sehemu kubwa ya haya yote: mhusika wake, aliyewekwa katika nchi ya Afrika isiyotajwa jina na anayesumbuliwa na malaria, hushika ramani ya karatasi mkononi huku akiendesha gari, na kuchakaa kwa bunduki yake huonekana kwa kutu iliyo kwenye chuma badala ya kipimo. Jaribio hilo linathibitisha kwamba onyesho la skrini si lazima, ila gharama yake ni kwamba mchezaji hulazimika kushusha macho kutoka uwanjani kila anapotaka kujua alipo, jambo ambalo kioo cha Buccaneer kilibuniwa kulizuia.

Kuna namba moja ndogo, mara nyingi kwenye kona ya juu, ambayo haihusu vita hata kidogo na ambayo kwa mchezaji wa Moshi ni muhimu kuliko nyingi zilizokwisha kutajwa. Namba hiyo ni pingi, nayo hupima kwa milisekunde, yaani kwa sehemu za elfu za sekunde, muda ambao ujumbe hutumia kutoka kwenye simu hadi kwenye seva, ambayo ni kompyuta inayoendesha mchezo kwa niaba ya wote, na kurudi. Mwanga ndani ya nyaya za kioo husafiri takriban kilomita 200,000 kwa sekunde. Kutoka Moshi hadi Frankfurt, kwa mstari ulionyooka, ni kama kilomita 6,500, hivyo kwenda na kurudi haiwezi kuchukua chini ya milisekunde 65 hata mitambo yote ingekuwa kamilifu, na njia halisi ya nyaya ni ndefu zaidi, kwa kuwa kwa kawaida hushuka hadi pwani na kuingia katika nyaya za chini ya bahari kama ile ya SEACOM iliyofika Dar es Salaam mwaka 2009. Hakuna bando, hata liwe ghali namna gani, linaloweza kupunguza umbali huo.

Mtandao wa kasi na pingi ndogo si kitu kimoja. Agosti 2022 Shirika la Mawasiliano Tanzania lilifikisha intaneti ya kasi katika kituo cha Horombo kwenye Mlima Kilimanjaro, mita 3,720 juu ya usawa wa bahari, na mpanda mlima aliye pale anaweza kutuma picha na video. Lakini ukubwa wa bomba, yaani wingi wa data inayopita kwa sekunde, hauondoi safari ya kwenda na kurudi ambayo gemu huihesabu. Namba ikisoma 200, kila kinachoonekana kwenye skrini kimechelewa, na adui anayekimbia mita 6 kwa sekunde amesogea mita 1.2 katika muda huo, umbali unaotosha kabisa kumtoa nyuma ya ukuta. Gemu hujaribu kuziba pengo kwa kukisia mahali watu watakapokuwa, na kisio likikosea adui huruka ghafla kutoka mahali pamoja hadi pengine, au mchezaji huanguka ilhali alikwisha kujificha. Hivyo pingi ndiyo namba inayotoa umri wa skrini nzima, na inapaswa kutazamwa kabla ya mechi: ikiwa kijani, mapambano ya ana kwa ana yanawezekana; ikigeuka nyekundu, ni busara zaidi kukaa mahali pamoja na kumsubiri adui, au kuchagua seva iliyo karibu ikiwa gemu inaruhusu.

Mwisho kuna suala la macho na vidole. Sehemu ya jicho inayoona kwa ukali kamili ni ndogo sana, kama upana wa kidole gumba mkono ukinyooshwa, na kila kilicho nje ya hapo huonekana kwa ukungu ingawa ubongo humfanya mtu adhani anakiona chote. Kwa sababu hiyo wachezaji wazuri huwa na desturi ya kupeleka jicho kwenye ramani ndogo kwa muda mfupi sana na kulirudisha katikati, hasa wanapokimbia mahali salama au wanapobadili magazini, na huacha kufanya hivyo risasi zikianza. Kwenye simu kuna kikwazo cha ziada, nacho ni kwamba vitufe vya kutembea, kufyatua, kuruka na kuinama vimo juu ya kioo hichohicho, na vidole gumba viwili hufunika sehemu kubwa ya pembe za chini, mahali palepale ambapo gemu za kompyuta zilizoea kuweka risasi na uhai. Call of Duty: Mobile na PUBG Mobile zote huruhusu kila kitufe kusogezwa, kukuzwa na kufifishwa, na muda unaotumika katika ukurasa huo wa mipangilio kabla ya mechi ya kwanza hulipa kuliko bunduki yoyote ya kununuliwa.

Kanuni ya kupanga ni kuondoa kwanza. Kitufe kisichotumika kifichwe, na kinachotumika mara chache kipunguzwe na kusukumwa kwenye ukingo. Ramani ndogo isogezwe mahali ambapo hakuna kidole kinachopita, kwa kawaida kona ya juu, na iongezwe ukubwa kadiri skrini inavyovumilia. Kitufe cha kufyatua, kwa anayeweza kuzoea kushika simu kwa vidole vinne, kihamishiwe juu ili kidole cha shahada kikifikie na gumba libaki na kazi moja tu ya kulenga. Rangi nazo zikaguliwe, kwa kuwa wapo watu, wengi wao wanaume, ambao macho yao hayatofautishi vizuri nyekundu na kijani, ambazo ndizo rangi za adui na mwenza katika gemu nyingi, na mtu wa namna hiyo anaweza kucheza miaka mingi akijilaumu kwa uzembe ilhali mipangilio ya rangi kwa watu wenye hali hiyo imo katika gemu yenyewe. Mpangilio mpya ujaribiwe katika uwanja wa mazoezi, ambako hakuna adui wala pingi ya kusumbua, hadi vidole vifike vyenyewe bila macho kuvitafuta. Na ukishazoeleka usibadilishwe tena kila mechi inapopotea, kwa kuwa vidole huchukua siku nyingi kusahau kitufe kilipokuwa.